Jina la Baba

Sifaeli hakuwa na wakili, hakuwa na shahidi, wala hakuwa na mlango. Ulikatwakatwa kwa panga Jumapili, akiwa ndani, kwa ugomvi wa shamba la kahawa.

"Shikamoo mzee. Unaomba polisi wakulinde dhidi ya nani?" aliuliza karani wa mahakama.

"Baba."

Karani alicheka. "Na mvi hizo, bado unachapwa na baba?"

"Ni mwanangu. Nilimpa jina la marehemu baba, ndiyo maana namwita hivyo."

Ukungu wa Meru uliingia dirishani na harufu ya maua ya kahawa. Sifaeli alikumbuka uzito wa mwanawe alipokuwa kichanga, amelala mikononi mwake.

"Jina kamili la huyo mwanao, mzee. Nikuandikie?"

"Naandika mwenyewe."

Akaliandika polepole, herufi moja moja. Karani akaitia karatasi kwenye bahasha, akaifunga, akaituma kwa hakimu.