Mto wa Baba

Siku hizi mtu hazikwi na sauti yake. Kabla hajakata roho hutaja mahali, na afisa wa sauti huipanda hapo. Hupandwa mara moja tu, wala haihamishwi.

Baba yangu, Ndekirwa, aliwabebea watalii mizigo Kilimanjaro miaka thelathini. Juu kabisa, kwenye miamba, kuna ua jeupe lililojikusanya mviringo, laini, lenye joto ndani hata theluji ikianguka. Akichoka alilaza kichwa hapo, akaliita mto wake. Siku ya mwisho aliniambia, "Nipandeni kwenye mto wangu." Mimi, kwa ujuaji wangu, nikaandika kwenye fomu: mtoni, na afisa akaipanda sauti yake kwenye mto wa maji.

Bomba letu la jikoni linaleta maji ya mto huohuo. Mama akilifungua, baba anaongea.

"Mama Anaeli, huku kuna baridi. Mbona nateremka tu?"

"Mjibu wewe, msomi," mama ananiambia, huku akikinga sufuria.

Nimeandika barua tatu kwa afisa. Jibu ni lilelile: haihamishwi. Na kila siku maji yanamwondoa kidogo. Kwanza alisahau jina langu, kisha la mlima. Leo asubuhi alimwita mama "dada", kwa adabu, akamuuliza hapa ni kwa nani.

"Ni kwako," mama alisema.

Akafunga bomba. Sufuria ilikuwa imejaa, na maji bado yananong'ona.

"Anaeli, niyachemshe ya chai, au nisubiri anyamaze?"

Nilikuwa na kiu tangu jana.