Kofi la Bi Casilda

Bi Casilda alikuwa akichagua mkate pale muuza mikate alipomkodolea macho, akasahau foleni nzima.

"Mama, samahani, si wewe yule wa kofi?"

Moyo ulimruka kwa furaha. Miaka yote ile ya sinema alikuwa ameigiza mtawa, jirani, hata maiti, na kumbe watu walibaki na lile kofi tu, alilomzaba bwana harusi mwongo kanisani.

"Ndiye mimi," alisema, akiweka sawa mtandio wake. "Naitwa nani?"

"Jina limenitoka kidogo," alisema muuza mikate. "Lakini lile kofi, mama! Marehemu baba alilisimulia mpaka chai ikapoa. Hebu nizabe na mimi, nipate la kusimulia."

"Nitaje jina kwanza. Bila jina hupati kitu."

"Consuelo?"

"Consuelo alikuwa mwigizaji wa kulialia yule!"

"Mzabe tu, bibi," mwanamke mmoja alidakia kutoka kwenye foleni. "Mikate yake siku hizi mawe matupu!"

Watu wakaangua kicheko. Bi Casilda aliweka kikapu chini, akavua glavu taratibu, kama alivyofanya kwenye sinema.

"Casilda Burgueño," alitangaza. "Mwambizane mpaka nje."

Muuza mikate alizunguka meza, akafumba macho, akatega shavu lenye unga. Kwenye foleni jina likapita mdomo kwa mdomo, na lilipofika mlangoni lilikuwa limeshakuwa Casimira. Bi Casilda alibaki na mkono juu, akingoja jina lake lirudi sawasawa.