Barua ya Msamaha

Kati ya waandishi wa barua wote hapa sokoni, mimi Bi Nyamizi ndiye makini kuliko wote. Sijawahi kukosea, na vidole vyangu vinane ni mashahidi.

Siku hizi barua ikimuumiza mtu, jeraha lilelile humtokea aliyeiandika. Kidole cha kwanza kilidondokea kwenye uji wangu. Cha pili sikukiona tena, paka alikiwahi.

Jana asubuhi aliingia Mashimba, shati lake lina damu mbichi.

"Bibi, mwandikie mke wangu: rudi nyumbani, nimekusamehe."

"Na hiyo damu?"

"Nimechinja kuku."

"Mkeo alikukosea nini?"

"Alikimbilia kwao. Meno mawili tu yalimtoka, akakasirika!"

Nikashika kalamu. Shingo yangu ikaanza kuwasha, mstari mwembamba kutoka sikio hadi sikio. Nikaiweka kalamu chini upesi na kumsogezea.

"Andika mwenyewe, baba. Ni maneno matatu tu."

Akaficha mikono mgongoni. "Mimi sijui kuandika, bibi. Sikusoma kabisa."

Nikavuta daftari la foleni, ambamo kila mteja hujiandikisha mlangoni, nikamsomea mstari wake, wenye mwandiko mzuri kunishinda:

"Mashimba Kitundu, mwalimu, darasa la tatu."