Karibu, Mugeni

Kabla nyumba haijaonekana, Gamaliel alisikia mchi ukitwanga sombe, majani ya muhogo, akaujua mkono wa mama yake. Tangu asubuhi alikuwa akimtembeza komanda mgeni wa jeshi katika mtaa wao wa Butembo, mlango kwa mlango, wakisaka vijana waliojiunga na wapiganaji wa msituni. Mdogo wake alikuwa mmoja wao, naye alikuwa amejificha ndani ya nyumba hiyo.

Mama alitoka, majani mabichi yamemganda vidoleni. Alimtazama mwanawe kama mpita njia.

“Karibu, mugeni. Umechoka.”

“Unamujua huyu mama?” komanda alimuuliza Gamaliel.

“Hapana, chef. Huku kila mwanamuke ni mama.”

“Donc ni mama yangu pia!” Komanda alicheka, akaiacha nyumba bila kuipekua, akageukia mlango wa jirani.

“Nitarudi kukusalimia, mama,” Gamaliel alisema.