Gauni la Radi

Ukumbi mzima uliangua kicheko Radi alipotokea kwenye skrini akiwa na gauni linaloburura chini.

"Huyo amekuja kupigana au kuolewa?" Nyundo aliuliza kwa sauti, na mashabiki wake wakazidi kugonga viti.

Chiriku, aliyekuwa akimchezesha Radi, aliweka vidole kwenye vitufe. Fainali ya mwaka jana Nyundo alimchapa, na tangu hapo kila wakikutana ni kumtambia tu. Leo alitaka kumfunga mdomo mbele ya watu wale wale.

Radi ni shujaa wake wa siku zote, binti wa mateke, na kama mashujaa wenzake wa kwenye gemu ana kabati zima la mavazi ya kubadilisha. Chiriku alizoea kumvalisha kaptura. Tatizo lilikuwa mama.

Mama yake ni dobi. Wiki nzima ya mazoezi alipiga pasi pale pale sebuleni, jicho moja kwenye kola za wateja, jingine kwenye miguu ya Radi, akiguna hata kabla teke halijafika.

"Mfunike huyo miguu," alisema.

"Mama, si mtu huyo!"

"Sijauliza kama ni mtu. Mvalishe lile refu. La sivyo, siku ya fainali utakuwa hapa, unanikunjia mashuka."

Chiriku akamwonyesha kwamba gauni lenyewe liko wazi mgongo mzima, hadi kiunoni. Mama akalitazama, akasema ni zuri, akarudi kwenye pasi yake. Ukibishana na mama huyu unajichosha bure. Basi Chiriku, binti wa watu, akala kiapo cha kumvalisha Radi lile refu, na aibu yote hii ya ukumbini ikawa malipo ya utiifu.

Kengele ikalia.

Radi akarusha teke la chini, Nyundo akakinga uso. Akarusha la juu, Nyundo akakinga magoti. Kila mara alichelewa, akilikodolea macho pindo la gauni kama mtu aliyedondosha funguo.

"Mbona naona nguo tu!" alilalamika, na kabla hajafunga mdomo, shujaa wake alikuwa chali.

Chiriku alilia kwa furaha, wala hakujificha. Akampigia mama simu akiwa bado jukwaani.

"Mama, nimemchapa! Heshima yako ndiyo iliyonibeba!"

"Heshima gani, na mgongo wote uko nje?" Mama alicheka, pasi ikisikika ikifoka mvuke kwa nyuma. "Lifaidi mwaka huu, mwanangu, mwakani watalikataza. La shujaa wangu walilipiga marufuku siku ile ile niliyochukua kombe hilo."